Kisu na Ndugu

Mwenye kisu kikali ndiye alaye nyama, walisema wahenga. Katika mambo ya lugha kisu hicho ni kalamu ya mtunga kamusi. Yeye ndiye aamuaye kwamba neno hili ni la heshima na lile la wahuni, na kwamba lilitoka kwa nani. Nimetumia sehemu kubwa ya maisha yangu kuwaandaa walimu wa lugha chuoni, na nathubutu kusema kwamba kalamu hiyo haina budi kukaguliwa kama kalamu nyingine yoyote.

Nitachukua mfano wa mbali. Huko Uingereza watu wa magenge na magereza wana jina lao la kisu, yaani chiv. Marekani hulitamka shiv, na gerezani huwa ni kile kisu ambacho mfungwa amejitengenezea kwa siri. Fungua kamusi za lugha ya mitaani, nawe mara nyingi utaambiwa kwa mkato kwamba neno hilo ni la Kiromani. Msomaji asiwachanganye Waromani na Warumi wa kale, wala na raia wa Romania. Hawa ni wale ambao Waingereza waliwadhania kuwa Wamisri, wakawaita Gypsy.

Kwa kweli asili ya lugha yao ni Bara Hindi. Mjerumani Johann Rüdiger alilionyesha jambo hilo mwaka 1782 kwa kulinganisha lugha na lugha. Kwa Kiromani moja ni yek, mbili ni dui, maji ni pani, pua ni nak. Yeyote wa Mombasa au Dar es Salaam aliyewahi kusikia Kihindi kikizungumzwa dukani atatabasamu. Na kisu je? Kisu ni churi, na kwa Kihindi ni chhuri.

Hapo ndipo hoja ya watunga kamusi inapoanza kuyumba. Neno la Kiromani la kisu ni churi, si chiv. Kiromani kinayo chiv, lakini ni kitenzi chenye maana ya kutia, kuweka au kutupa. Mtu anaweza kudai kwamba kitenzi hicho kiligeuka jina la kile kinachotiwa mwilini mwa adui. Yawezekana. Lakini neno chive, kwa maana ya kisu, limo katika kitabu cha Richard Head cha mwaka 1673 kuhusu lugha ya wezi wa Kiingereza, na lugha ile ilikuwa na vyanzo vingi. Glasgow nako kisu huitwa chib, na kwa Kiromani chib ni ulimi. Je, tuseme kisu ni ulimi kwa sababu tu sauti zinafanana? Kwa mtindo huo mwanafunzi wetu atasema kaa la moto na kaa wa pwani ni ndugu. Mwalimu angemwekea alama ya kosa. Mtunga kamusi naye alipaswa kuandika "huenda".

Kwa nini basi neno hilo huachwa? Naona ni kwa sababu kisu kiliwaenea watu waliokwisha kuhukumiwa. Sheria ya kuwafukuza Uingereza ilitungwa mwaka 1530. Kufikia mwaka 1562 mtu kuandamana nao tu kuliweza kumfikisha kitanzini, na sheria hiyo haikufutwa mpaka 1783. Katika karne ya 20 Wanazi waliwaua Waromani maelfu kwa maelfu. Watu wa namna hiyo wakitajwa kuwa chanzo cha jina la kisu cha mhalifu, nani ataomba ushahidi?

Sisi Waswahili tulichukua jambia kutoka Kiarabu, ambako jina lake lahusiana na ubavu, maana huvaliwa kiunoni. Hakuna aliyehitimisha kwamba Waarabu ni wauaji. Waromani nao, katika nchi nyingi za Ulaya, walikuwa wahunzi na wanoa visu, wakipita mlango kwa mlango kutafuta riziki. Hata kamusi ya Hotten, iliyotoka mara ya kwanza mwaka 1859, inamtaja chive-fencer, naye ni mchuuzi wa visu barabarani. Kwa hiyo neno hili liliwahi kuwa hata la mtu anayetafuta mkate wake kwa haki.

Kuna deni moja ambalo halina shaka kubwa. Waingereza humwita rafiki wa karibu pal. Neno hilo limo katika Kiingereza tangu karne ya 17, nalo latokana na phral, neno la Kiromani lenye maana ya ndugu, lenye ukoo mmoja na bhai ya Kihindi. Babu kwa mjukuu hulitumia kila siku, na walio wengi hawajui walilipata kwa nani. Kisu ambacho ushahidi wake ni dhaifu Waromani wamebandikwa, na undugu waliotoa bila shaka umesahauliwa.

Kwa hiyo, mwalimu mwenzangu, mwanafunzi akikuletea kamusi isemayo neno fulani la wahuni lilitoka kabila fulani, mwulize mambo matatu: sauti zapatana kwa kanuni? Maana zapatana? Watu hao walikutana wapi na lini? Kisha mwulize la nne: je, kamusi hiyo imetaja pia maneno mema yaliyotoka kwa watu hao hao?