Ron Vawter, Mtu wa Suti

Mara ya kwanza kumwona Ron Vawter sikujua kwamba nimemwona. Ilikuwa katika *Philadelphia* (1993), filamu ya Jonathan Demme kuhusu wakili anayefukuzwa kazi kwa kuwa ana UKIMWI. Vawter ni Bob Seidman, mmoja wa mabosi wa kampuni hiyo. Mahakamani anakiri kwamba alihisi mwenzake ni mgonjwa, akanyamaza. Dakika chache tu, na suti. Baadaye, nikihangaika na mada ya tasnifu, ndipo nikajua kwamba mwigizaji huyo mwenyewe alikuwa akiishi na virusi. Aprili 1994 alifia ndani ya ndege akirudi New York kutoka Ulaya. Alikuwa na miaka 45.

Kuna wanaomgawa Vawter vipande viwili: msanii halisi jukwaani na kundi la Wooster Group, na mtafuta riziki kwenye filamu. Mimi sikubali. Tazama watu aliowacheza: mwanasaikolojia katika *sex, lies, and videotape*, ofisa wa Wizara ya Sheria katika *The Silence of the Lambs*, na jukwaani, mwaka 1991, kanali Vershinin wa Chekhov katika *Brace Up!*. Wote ni watu wa cheo. Vawter, aliyepitia jeshini, alijua jinsi cheo kinavyokaa mabegani, na kinavyombana aliyekivaa.

Si kila kitu namtetea. Katika *Route 1 & 9* (1981) yeye na wenzake Wazungu walijipaka weusi usoni na kurudia vichekesho vya Pigmeat Markham, mchekeshaji Mweusi. Baraza la sanaa la jimbo likawapunguzia ruzuku. Nimesoma utetezi wao, eti walikuwa wanafichua ubaguzi. Labda. Lakini aliyefichuliwa ni nani, na aliyelipa kiingilio kucheka ni nani?

Kazi ninayoirudia ni *Roy Cohn/Jack Smith* (1992). Kwanza anakuwa Cohn, wakili mwenye nguvu aliyeficha ushoga wake mpaka UKIMWI ukamuua mwaka 1986, akihutubia dhidi ya haki za mashoga. Kisha mapumziko. Kisha anarudi akiwa Smith, mtengenezaji wa *Flaming Creatures*, na mapambo yake na uvivu wake wa makusudi, sauti ya Smith mwenyewe ikisikika kwenye kifaa sikioni mwa Vawter. UKIMWI ulimchukua Smith pia, 1989.

Jill Godmilow aliirekodi, na namshukuru, maana bila yeye nisingekuwa na chochote cha kuandika. Ila kwenye uhariri amewachanganya wawili hao, kidogo Cohn, kidogo Smith. Mapumziko yamepotea. Na mimi nilichotaka kukiona ni hizo dakika ukumbi ulipokuwa na taa, watu wakinyoosha miguu, na nyuma ya pazia mtu mmoja mgonjwa anavua tai.