Sifa za Swali Lililotungwa Vizuri

Mgomvi hajijui, na akijijua hasemi. Ndiyo maana nawahusudu Arnold Buss na Mark Perry, Wamarekani waliochapisha dodoso lao la ukali mwaka 1992. Lina sentensi 29, katika mafungu manne: kupiga, maneno makali, hasira na kinyongo. Mhojiwa hujipa alama 1 hadi 5. Humo zimechomekwa sentensi mbili zilizogeuzwa, mojawapo ya mtu anayejiona mpole. Anayejaza 5 toka juu hadi chini bila kusoma hunaswa papo hapo. Hakuna aliyemwita mwongo. Alama zake zimemsuta.

Kinyongo kupewa fungu lake ni busara. Wapo wasioinua mkono kamwe, lakini wanahesabu waliowadhulumu tangu utotoni.

Roland Weierstall na Thomas Elbert, wa Konstanz nchini Ujerumani, walithubutu zaidi. Kipimo chao cha mwaka 2011 kina maswali 15, na kimetumika kwa wapiganaji wa zamani mashariki ya Kongo. Kinauliza jambo ambalo hata padri hukwepa: mapigano yakishapamba moto, ulinogewa? Mhoji lazima aulize bila kukunja uso. Katika baadhi ya tafiti hizo, waliokiri kunogewa zaidi walikuwa na dalili chache za kiwewe. Daktari anayeuliza habari za jinamizi peke yake angewaruhusu waende zao.

Mjini Juba, utafiti wa mwaka 2007 uliwahoji watu wazima 1,242: asilimia 36 walikuwa na dalili za kiwewe, na 50 za sonona. Ukali haukuwa shabaha yake. Mwenye kutaka kuupima leo Lemon Gaba, mtaa wa Juba, ana kazi. Swali litafsiriwe kwa Kiarabu cha Juba, kisha mtu mwingine alirudishe lilikotoka ili ionekane limepotoka wapi. Na mama asiyejua kusoma utamtajiaje alama 4? Mchoree glasi, kuanzia tupu hadi iliyojaa pomoni, aonyeshe kwa kidole, mumewe akiwa mbali.

Zaidi ya yote, mhoji asimuulize mhojiwa kama yeye ni mkali. Amuulize juu ya wiki iliyopita: ulimpiga nani, ulivunja nini, ulijiumiza? Hayo yanajibika, hata kwa anayeona aibu.