Nafsi ya Kwanza katika Nyimbo za Queen Jane, na Masikio ya Embu na Meru

Wahakiki wa fasihi simulizi nchini Kenya wamezoea kuutendea wimbo wa benga kama ghala. Hufungua mlango, hutoa ulevi, hutoa uzinzi, hutoa ugumu wa maisha ya mjini, kisha hufunga na kuandika kwamba msanii ameiakisi jamii yake. Lugha iliyobeba mizigo hiyo haitazamwi, kana kwamba mtunzi wa nyimbo za dansi hachagui kauli wala wakati wa kitenzi. Aliyepunjwa zaidi na mazoea haya, kwa maoni yetu, ni marehemu Jane Nyambura, aliyejulikana kwa jina la Queen Jane. Huyu husifiwa kuwa sauti ya wanawake, sifa ambayo ni kubwa na tupu kwa pamoja. Katika makala haya tunakusudia kuonyesha kwamba mchango wake ulikuwa wa kisarufi kabla ya kuwa wa kijamii: alimrudishia mwanamke nafsi ya kwanza umoja katika muziki ambamo nafsi hiyo ilikuwa karibu mali ya wanaume. Tutautazama mchango huo kutoka upande wa mashariki wa Mlima Kenya, yaani Embu na Meru, ambako Kigikuyu si lugha ya nyumbani. Tumechagua upande huo kwa makusudi, kwani sikio la jirani huzingatia mambo ambayo mwenye lugha huyapita.

Habari za maisha yake hazihitaji maneno mengi. Alitoka Kangema, Murang'a. Mwaka 1984 alijiunga na Mbiri Young Stars, bendi iliyoongozwa na Simon Kihara, yaani Musaimo, na baadaye akaunda bendi yake mwenyewe, Queenja Les Les. Dada zake, Lady Wanja, Princess Aggie na Ejidiah, nao waliingia katika uimbaji. Soko lake lilikuwa River Road, Nairobi, mtaa wa maduka madogo ya santuri na kanda, ambako mwanamuziki alijitegemea kwa kila jambo na kunyonywa kwa urahisi uleule. Alifariki tarehe 29 Juni 2010.

Jambo linalostahili kusisitizwa ni lile la bendi. Mwimbaji wa kike ndani ya bendi ya mwanamume anaweza kuimba ‘mimi’ mara elfu, na bado hadhira ikajua kwamba mwenye kusema ni kiongozi wa bendi. Benga ya Kigikuyu ilikuwa imejaa wanawake kabla ya Queen Jane, lakini walikuwamo kama watu wa kuambiwa na kusimuliwa. Joseph Kamaru, ambaye ukubwa wake wa sanaa hatuna nia ya kuupunguza, aliwatikisa walimu wa Kenya kwa wimbo wake juu ya mwalimu na mpenzi wake mwanafunzi, *Ndari ya Mwarimu*. Mjadala uliozuka ulikuwa baina ya watu wazima, kuhusu heshima ya watu wazima. Ili msichana aweze kusema kwa nafsi yake ilihitajika bendi ambayo jina lake lenyewe limetokana na jina la mwanamke. Queenja ni Queen Jane aliyefupishwa, na kila santuri ilimtangaza msemaji kabla gitaa halijalia.

Tuzitazame sasa anwani mbili za nyimbo zake. Ya kwanza ni *Ndũraga Ngwetereire*. Kiambishi tamati -aga katika Kigikuyu ni cha mazoea na mwendelezo. Kitenzi -tũra nacho kina maana ya kudumu au kuishi katika hali fulani. Anwani nzima yaweza kufasiriwa ‘hudumu nikikungojea’. Ni kauli isiyo na mwisho: haisemi kungoja kulianza lini, wala haitoi tumaini kwamba kutakoma. Anwani ya pili ni *Guka Nĩndarega*, ‘Babu, nimekataa’, ambamo msichana anakataa kuozwa kwa mzee aliye rika la babu yake. Hapa -aga imetoweka. Tuna -a- ya tendo lililotimia sasa hivi, na mbele yake ipo nĩ, chembe ya kutilia mkazo ambayo wanaisimu wa lugha hii wamejadiliana juu yake kwa muda mrefu. Msichana hasemi kwamba atakataa, wala kwamba angependa kukataa kama wazazi wangeridhia. Tendo limekwisha kutendeka kwa kutamkwa. Mwenye kutaka kujua tofauti baina ya mapenzi na ndoa ya kulazimishwa katika nyimbo hizi hana haja ya kwenda mbali kuliko viambishi hivi viwili.

Lakini nguvu ya anwani hiyo ya pili haimo katika kitenzi pekee. Neno *guka* ni neno la heshima. Kila mzee anaweza kuitwa hivyo, na binti aliyefunzwa adabu hawezi kumwita vinginevyo. Kenyatta, katika *Facing Mount Kenya* (1938), ameeleza utani uliopo baina ya babu na mjukuu miongoni mwa Wagikuyu: kwa kuwa mjukuu hupewa jina la nyanya yake, babu humtania kwa kumwita mkewe. Utani huo unawezekana kwa sababu tu kila mtu anajua kwamba hauwezi kuwa kweli. Mchumba mzee wa wimbo huu ni mtu aliyeuchukua utani akaufanya mahari. Msichana, kwa kumwita *guka*, anamrudisha mahali pake katika ukoo, ambapo ndoa ni mwiko. Adabu yenyewe imekuwa silaha. Hakuna tusi hapa ambalo wazee wangeweza kulishitakia. Na kwa kuwa hii ni benga, sauti ikinyamaza gitaa hupokea, na wazee walioambiwa ‘nimekataa’ huinuka wakacheza!

Ni wazi kwamba hila hii ya lugha haikuhitaji pasipoti kuvuka hadi Embu. Waembu nao huwapa watoto majina ya babu na nyanya. Kiembu na Kigikuyu vinasikilizana kwa kiasi kikubwa, na Wilhelm Möhlig alipochapisha mwaka 1974 uchunguzi wake wa lahaja za mashariki mwa Mlima Kenya, alionyesha jinsi mipaka baina ya lugha hizi ilivyo ya hatua kwa hatua. Kwa Mmeru hatua ni ndefu zaidi. Mgikuyu na Mwembu husema *mũndũ*, yeye husema *muntu*. Watu kwake ni *antu*. Anaposikiliza Kigikuyu hulazimika kutafsiri sauti kwa sauti, na mtu anayetafsiri husikiliza kwa makini. Hata hivyo nĩ anayo, na -rega anayo.

Tena Meru ina kumbukumbu yake ya wasichana na nafsi ya kwanza. Mwaka 1956 Njuri Ncheke, baraza la wazee wa Meru, lilipiga marufuku ukeketaji, kwa kuungwa mkono na serikali ya kikoloni. Wasichana wengi walikaidi, wakakeketana wenyewe kwa nyembe. Katika miaka 3 iliyofuata zaidi ya watu 2,400, wakiwa wasichana, wanawake na wanaume, walishtakiwa katika mahakama za Waafrika. Wasichana hao wakaitwa *Ngaitana*, yaani ‘nitajitahiri’. Mwanahistoria Lynn Thomas amelichunguza jambo hili kwa kina katika kitabu chake cha mwaka 2003. Tendo lenyewe lilijeruhi miili, na hatulitaji hapa ili kulitukuza. Tunalitaja kwa sababu ya umbo la jina. Kundi zima la wasichana limeitwa kwa sentensi, na sentensi hiyo ina nafsi ya kwanza, wakati ujao na kirejeshi. Wazee hawamo ndani ya kitenzi hicho, wala wazazi. *Ngaitana* na *Nĩndarega* zinataka mambo yasiyofanana kabisa, moja kulishika desturi na nyingine kulikataa, lakini zimejengwa kwa sarufi ileile: binti anasema mbele ya wazee, na kitenzi hakiombi ruhusa. Msikilizaji wa Meru alikuwa na sikio lililoandaliwa.

Haina maana kwamba kila utungo wake umefaulu. *Arũme nĩ Nyamũ*, ‘wanaume ni wanyama’, ni wimbo ambao wahakiki wa maudhui huupenda kwa sababu umewafanyia kazi yao. Ukiitazama anwani kwa kipimo tulichokitumia hapo juu, utaona ilivyo duni: haina nafsi, haina wakati, haina wa kuitwa. Ni hukumu ya jumla ambayo mtu yeyote, hata mwanamume mlevi, aweza kuitamka. Pale alipoiacha ‘mimi’ akashika ‘wao’, Queen Jane alijiunga na wahubiri.

Swali linalobaki linatuhusu sisi tunaofundisha. Tangu mwaka 2000, Kameme FM ilipofungua njia ya utangazaji wa binafsi kwa lugha za mama, Muuga FM imekuja ikitangaza kwa Kimeru na Wimwaro FM kwa Kiembu. Mtunzi wa kike wa Embu au Meru hana tena udhuru wa kukosa masikio kwa lugha yake. Ila atajifunza wapi kwamba kazi yake ni ya lugha, ikiwa sisi wenyewe tunamfundisha kwamba ni ya kuakisi jamii? Nyimbo za Queen Jane zilienea kwa kanda, na kanda huoza. Majina yake huandikwa bila alama za ĩ na ũ, hata mwanafunzi asiyejua Kigikuyu hawezi kutambua irabu ipi inatamkwa. Kuzinukuu zote kwa irabu saba, pamoja na toni, ni kazi ambayo idara moja ingeweza kuimaliza katika likizo moja ndefu, na wanafunzi wa Embu na Meru ndio wanaofaa zaidi kuifanya, kwa sababu wao watalazimika kuuliza maana ya kila neno.