Takwa Haikuisha
Ziara ya Takwa, kisiwani Manda, inaendeshwa na bahari: mashua huingia kwenye mikoko maji yakijaa, na yakianza kupwa mnaondoka, hata kama mwongozaji hajamaliza stori. Wetu alisimulia poa, akatuonyesha msikiti wenye nguzo juu ya kibla, kisha akaufunga mji: maji ya visima yaliingia chumvi, watu wakahama yapata mwaka 1700, yakabaki magofu. Basi.

Hapo ndipo ninapobishana naye. Kaburi la nguzo pale lina mwaka 1094 wa Hijria, yaani miaka ya 1680, na watu wa Shela, ng'ambo ya mlango wa bahari, huvuka kuja kuomba mvua hapo, maana wanahesabu ni kwa wazee wao. Hilo alilitaja mbiombio, tukirudi mashuani, kama nyongeza. Na yeye mwenyewe ni wa Shela!

Mimi nakaa kwa shangazi Kitisuru, kwenye kuta ndefu na mageti, na jirani simjui hata jina. Ningelipa mara mbili ziara ianzie kwenye ile dua.