Mfalme Aliyejiviringisha Chini

Watu wakisimulia jinsi Norwe ilivyokuwa nchi moja, huanza na nywele. Harald anamtaka Gyda, Gyda anakataa: ataolewaje na mfalme wa vijimikoa vichache? Harald anaapa kutokata wala kuchana nywele mpaka nchi yote iwe yake. Anashinda Hafrsfjord, vita ambavyo kwa desturi huwekwa mwaka wa 872, ananyolewa, anampata binti. Stori tamu bana.

Lakini hebu msome Snorri Sturluson mwenyewe katika Heimskringla. Kiapo kile kinataja kodi waziwazi. Na baadaye, Snorri anasema, Harald aliwaacha wake tisa alipomwoa Ragnhild wa Denmark. Mapenzi gani hayo?

Ukurasa ninaourudia ni ule wa Naumudal. Ndugu wawili wafalme, Herlaug na Hrollaug, wamejenga kaburi kubwa kama kilima kwa miaka mitatu. Wanasikia Harald anakuja. Herlaug anaingia kaburini na watu 11, anaagiza lizibwe. Hrollaug anapanda kwenye kilima walikozoea kukaa wafalme, anakaa kwenye kiti cha kifalme, kisha anajiviringisha hadi kwenye mito iliyowekwa chini, pale wanapokaa majarli. Anajitangaza jarli. Halafu anaenda kumkabidhi Harald ufalme.

Hapo ndipo nchi inazaliwa, si kwenye nywele. Na hesabu ipo: jarli anabaki na theluthi ya kodi, analisha wapiganaji 60. Wengine walipata mali kuliko walipokuwa wafalme. Kumbe kushuka kulilipa.

Kama historia, soma kwa tahadhari. Snorri aliandika zaidi ya miaka 300 baadaye, na wanahistoria wengi wanaona Harald alishika hasa pwani ya magharibi. Wanawe nao waligeukiana. Eirik aliwaua ndugu zake.

Ila Snorri alikuwa mtu wa Aisilandi, kisiwa ambacho mfalme wa Norwe wa wakati wake, Håkon, alikitaka. Alipokea vyeo kutoka kwa utawala huo, na mwaka 1241 watu wa Håkon walimuua nyumbani kwake. Kuanzia 1262, Aisilandi ikaanza kula kiapo cha utii.

Ndiyo maana hamcheki Hrollaug, wala hamsifu Herlaug. Anatuonyesha tu mito ikipangwa, na mlango ukizibwa.