Bibi Hallie Quinn Brown na Kazi ya Mlumbi

Watu wengi wakisikia ya kuwa mtu fulani alikuwa mwalimu wa ulumbi, hudhani kazi yake ilikuwa kuwafundisha vijana kupaza sauti, kukunja uso na kupunga mikono, huku wakisema maneno yaliyotungwa na wengine. Dhana hiyo haikosi sababu. Katika karne ya kumi na tisa elimu hii ilienea sana Uingereza na Marekani, vitabu vyake vikapigwa chapa kwa wingi, na vingine vilikuwa na picha za kumwonyesha mwanafunzi mkono wake uwe wapi akihuzunika na uwe wapi akikasirika. Hata baadaye wataalamu wakaidharau, wakasema ni mchezo tu, hauna fikira ndani yake. Nataka kuipima hukumu hiyo kwa kazi ya mwanamke mmoja, Bibi Hallie Quinn Brown, maana kwake naona ina kweli nusu, na ile nusu nyingine imepotea.

Alizaliwa Pittsburgh, Marekani, kabla ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vya mwaka 1861 hata 1865. Baba yake na mama yake wote wawili walikuwa wamepata kuwa watumwa. Siku zile majimbo kadha wa kadha ya kusini yalikuwa na sheria za kukataza mtumwa asifundishwe kusoma wala kuandika. Binti huyu alisoma Wilberforce, katika jimbo la Ohio, chuo kikuu kilichokuwa mikononi mwa Kanisa la African Methodist Episcopal, kanisa lililoanzishwa na Weusi wenyewe. Akahitimu mwaka 1873. Ndipo alipokwenda kusini, Mississippi na South Carolina, akafundisha katika mashamba makubwa waliyotumikishwa watumwa zamani. Akiwa mwalimu mjini Dayton, aliwafungulia watu wazima waliohamia kutoka kusini darasa la usiku. Yote hayo yalitangulia mwaka 1893, alipofanywa profesa wa ulumbi Wilberforce. Basi msomaji na akumbuke utaratibu huo: kwanza aliwafundisha herufi watu waliokuwa wamefungwa vinywa kwa sheria, ndipo akafundisha kunena.

Kitabu chake cha kwanza, Bits and Odds, kilitoka mwaka 1880. Ni mkusanyo wa vipande vya kusomwa mbele ya watu, vya kuliza na vya kuchekesha vimechanganyika. Mtu akikisoma peke yake kimya kimya atachoka upesi. Vipande vingine vina machozi mengi kuliko inavyofaa, na vingi havikutungwa na Bibi Brown mwenyewe. Lakini kukihukumu hivyo ni kama kuihukumu ngoma kwa kuitazama imetundikwa ukutani. Kiliandaliwa kwa ajili ya sauti. Tena ndani yake mna maneno ya utumwa na ya mauti ya mtumwa, na mna vipande vilivyoandikwa kwa matamshi ya watu wa kawaida, si Kiingereza cha shuleni tu. Mwalimu ambaye shabaha yake ni kuwafanya wanafunzi waige mabwana hangeviweka humo.

Hapo ndipo wanaoidharau elimu hii walipokosa kutazama. Kwa miaka mingi wazungu wa Marekani walifurahia michezo ya jukwaani ambayo watu walijipaka masizi usoni, wakaigiza usemi na mwendo wa Mweusi ili kumcheka. Mwanamke Mweusi akisimama jukwaani mbele ya watu waliozoea michezo hiyo, kabla hajafumbua kinywa wamekwisha kumhukumu kwa ngozi yake. Kwake namna ya kusimama, kuvuta pumzi na kutamka haikuwa pambo la hotuba. Ilikuwa sehemu ya hoja yenyewe. Mtaalamu wa Marekani, Susan Kates, aliyeandika juu ya Bibi Brown mwaka 1997, aliuita ulumbi wake ulumbi wa mwilini, akaonyesha jinsi mafunzo yake yalivyofungamana na wajibu wa msomi kwa watu wake. Nakubaliana naye, ila naona amemwachilia kidogo. Mkazo juu ya mwenendo wa heshima una hatari yake: kijana asiye na kanzu nzuri aweza kudhani hana haki ya kunena mpaka ajifunze kwanza kusimama kama bibi wa mjini. Tena mkusanyo ule wa 1880 humpa mwanafunzi maneno mengi ya kusema, lakini haumwongozi katika kujenga hoja yake mwenyewe na kumjibu anayempinga.

Hoja yake mwenyewe yampasa msomaji aitafute katika matendo yake. Toka 1894 hata 1899 alikuwa Uingereza, akihutubu juu ya hali ya Weusi wa Marekani na juu ya kuacha ulevi. Toka 1920 hata 1924 alikuwa rais wa chama cha taifa cha wanawake Weusi wa nchi yake, na mwaka huo wa 1924 alihutubia mkutano mkuu wa chama cha Republican. Lakini jambo ninalolipima zaidi ni la 1925. Baraza la Kimataifa la Wanawake lilikutana Washington, na tamasha ya nyimbo ikaandaliwa, waimbaji Weusi wakiwamo. Ikajulikana ya kuwa wasikilizaji Weusi watatengwa katika viti vyao. Bibi Brown aliwaambia waandalizi waziwazi ya kuwa utengano huo usipoondolewa, waimbaji hao hawataimba. Haukuondolewa, nao hawakuimba. Mwalimu aliyetumia umri wake kuwafundisha watu kupanda jukwaani alijua pia siku ya kuwaambia wasipande. Hilo halimo katika kitabu cho chote cha picha za mikono.

Mwaka uliofuata, 1926, alitoa Homespun Heroines and Other Women of Distinction, habari za wanawake Weusi wapata sitini, nyingine zimeandikwa na yeye na nyingine na wenzake. Kwa mhakiki ni kitabu chenye ila: wote wanasifiwa, hakuna aliyekosea, wala aliyegombana na mwenzake. Hata hivyo ni bora kuliko kile cha 1880, kwa sababu mwanafunzi aliyetakiwa kusimama mbele ya watu sasa alipata watu wa kwao wa kunena habari zao, wala hakulazimika kukariri maneno ya mwingine. Habari nyingine ni fupi mno, zakatika pale pale msomaji anapotaka kuuliza zaidi.