Un Paese: jinsi kijiji kilivyopewa sura na sauti

Mama amesimama katikati ya mlango, wanawe watano wa kiume wamemzunguka. Mmoja yuko peku. Baiskeli imeegemezwa ukutani. Hakuna anayetabasamu wala anayemwangalia mwenzake. Picha hiyo ilipigwa mwaka 1953 Luzzara, kijiji cha wakulima karibu na mto Po, kaskazini mwa Italia. Ndiyo picha maarufu kuliko zote katika Un Paese, kitabu kilichotolewa na wachapishaji Einaudi mwaka 1955. Mpigapicha ni Mmarekani Paul Strand. Maandishi ni ya Cesare Zavattini, mwandishi wa filamu na mzaliwa wa Luzzara.

Anayedhani Strand alibahatika kuikuta familia ile imetulia hivyo hajui kazi ya kamera kubwa. Kamera hiyo husimamishwa kwenye miguu mitatu. Mpigapicha hujifunika kitambaa cheusi, akatazama kwenye kioo watu wanaoonekana kichwa chini miguu juu, akarekebisha, kisha ndipo akatia kipande kimoja cha filamu kwa picha moja. Kwa chombo cha namna hiyo huwezi kumvizia mtu. Lazima akubali, akae, asubiri. Naamini kusubiri huko ndiko kulikozaa nyuso zile: tabasamu la kumfurahisha mgeni halidumu dakika kadhaa. Likiisha, mtu hubaki na uso wake wa kila siku.

Strand aliwahi kufanya kinyume kabisa. Mwaka 1916, katika mitaa ya New York, alifunga lenzi ya uongo kwenye kamera ili watu wadhani anapiga upande mwingine. Hivyo ndivyo alivyompiga picha mwanamke kipofu, picha inayosifiwa hadi leo. Ina nguvu, sibishi, lakini mwanamke mwenyewe hakuulizwa.

Kule Luzzara aliuliza, na alikuwa na wa kumuulizia. Mkalimani wake alikuwa kijana wa hapohapo aliyewahi kuwa mfungwa wa vita Marekani wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, akajua Kiingereza. Familia ya pale mlangoni ni ya kijana huyo. Ustadi wa mwanga na mpangilio tunauzungumza sana. Mtu anayekuingiza uani kwa mama yake tunamsahau, ilhali bila yeye picha isingekuwepo.

Hata hivyo, picha za Strand zina upungufu mmoja: zimetulia mno. Ukizitazama zenyewe tu utadhani Luzzara hakuna ugomvi, madeni wala siasa. Hapo ndipo Zavattini anapokiokoa kitabu. Hakuandika insha ya kuwasifu wanakijiji. Aliwaacha waseme kwa nafsi ya kwanza, kwa sentensi fupi, habari za vibarua, vita na pesa. Mama wa mlangoni anamtaja mumewe, aliyepigwa na mafashisti na kufariki kabla ya vita. Ukimaliza kusoma, unarudi kwenye picha na kuona baba hayupo. Kamera peke yake isingeweza kukuonyesha hilo.

Linganisha na kitabu cha Strand kuhusu Ghana. Alipiga picha huko mwaka 1963 na 1964 kwa mwaliko wa Rais Kwame Nkrumah, lakini kitabu kilitoka 1976, miaka kumi baada ya Nkrumah kupinduliwa. Ustadi ni uleule, subira ileile. Safari hii maandishi yalitoka kwa mwanahistoria Mwingereza Basil Davidson, mtu aliyeijua na kuipenda Afrika. Anaeleza falme, ukoloni na uhuru, na anaeleza vizuri. Ila ni yeye anayesema. Kuna msichana wa Accra aliyebeba vitabu kichwani, shingo imenyooka, macho makavu mbele ya kamera. Tunapewa jina lake, mji na mwaka. Mkulima wa Luzzara alipewa nafasi ya kusimulia maisha yake. Msichana huyu, aliye na vitabu kabisa kichwani, angeshindwa kutueleza anasoma nini?